Lahaja za Kichina: zinasemwa wapi, zinatofautianaje, na maswali mengine yanayorudi kila mara

Maswali haya huulizwa sana na wanafunzi wa Kichina na wafanyabiashara wanaofuata mzigo Guangzhou na Yiwu. Wengine ni watu waliosikia tu kwamba "Wachina wenyewe hawaelewani" na wanataka kujua kama ni kweli. Kila jibu linajitegemea. Jambo lililoelezwa pengine halirudiwi; utaelekezwa namba ya swali lake.

## Mambo ya msingi

1. Kichina ni lugha moja au ni nyingi?

Ukiniuliza mimi, ni nyingi. Ukiiuliza serikali ya China, ni moja yenye *fangyan*, yaani semi za mahali mbalimbali, na neno hilo ndilo sisi tunalolifasiri kuwa lahaja. Kwa heshima ya mazoea, ukurasa huu nao unasema lahaja, lakini usidhani ni lahaja za aina unayoijua wewe.

Mtu wa Mombasa akikutana na mtu wa Unguja, watachekana neno moja mawili kisha mazungumzo yataendelea. Mtu wa Beijing akikaa jirani na wazee wawili wa Xiamen wanaopiga soga, haambulii kitu. Umbali wa Kimandarini na Kikantoni unakaribia zaidi ule wa Kiswahili na Kisukuma: ukoo ni mmoja, ukichunguza unaona mizizi inayofanana, lakini bila kujifunza huelewi. Ndiyo maana wanaisimu wengi huzihesabu kama tawi zima la lugha, Kisinitiki, ndani ya ukoo mkubwa wa Kichina na Kitibeti.

Kinachozifanya zionekane kitu kimoja ni maandishi (swali la 5), dola moja iliyodumu kwa karne nyingi, na wasemaji wenyewe kujiona watu wa kabila moja la Han.

2. Ziko ngapi basi?

Vitabu vya shule huhesabu makundi 7: Kimandarini, Kiwu, Kiyue (ambacho wengi wanakiita Kikantoni), Kimin, Kihaka, Kixiang na Kigan. Atlasi ya lugha za China iliyotoka mwaka 1987 iliongeza 3, yaani Kijin, Kihui na Kipinghua, zikawa 10.

Hizo ni namba za makundi. Ndani ya kundi moja watu wanaweza wasielewane kabisa, na Kimin ndicho kinachoongoza kwa hilo. Atakayekutajia idadi kamili ya lahaja, muulize alianzia kuhesabu wapi: mkoa, wilaya, au kijiji.

3. Kimandarini na Putonghua ni kitu kimoja?

Sivyo, na kuvichanganya viwili hivi ndiko kunakoleta nusu ya mkanganyiko. Kimandarini ni kundi kubwa la lahaja za kaskazini na kusini-magharibi, zinazosemwa nyumbani na watu wapatao milioni 800. Putonghua ni lugha sanifu iliyotengenezwa juu ya kundi hilo. Mwaka 1956 serikali iliifafanua hivi: matamshi yafuate Beijing, msingi uwe lahaja za kaskazini, na sarufi ifuate maandishi mazuri ya kisasa.

Kwa msomaji wa Kiswahili habari hii si ngeni. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 ulichagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, lakini mtu wa Ng'ambo hasemi kama kitabu cha darasa la tano. Hali kadhalika mzee wa Beijing: humeza silabi na kuviringisha ulimi mwishoni mwa maneno, na mwanafunzi aliyefuzu Putonghua vizuri humpata kwa taabu.

Taiwan lugha sanifu hiyo huitwa Guoyu, Singapore huitwa Huayu. Tofauti zipo za msamiati na lafudhi, lakini watu wanaelewana bila shida.

4. Kitibeti, Kiuyghuri na Kimongolia nazo ni lahaja za Kichina?

Hapana. Ni lugha za mataifa mengine yaliyo ndani ya mipaka ya China. Kiuyghuri ni ndugu wa Kituruki. Kitibeti kina undugu wa mbali na Kichina, lakini ni lugha yake yenyewe na kina maandishi yake. Kizhuang cha Guangxi kiko karibu na Kithai.

5. Kama hawaelewani, mbona wanasoma gazeti moja?

Kwa sababu herufi ya Kichina hubeba maana na silabi, na kila lahaja huipa silabi hiyo sauti yake. Herufi 人, "mtu", husomwa *ren* Beijing, *yan* Guangzhou na *nin* Shanghai. Tarakimu 7 vilevile: sisi tunaisoma saba, Mganda anaisoma kwa namna yake, na hesabu haiharibiki.

Lakini kuna jambo watu hawaambiwi. Gazeti hilo halikuandikwa kwa lugha isiyo ya mtu. Limeandikwa kwa sarufi na msamiati wa Kimandarini. Mtoto wa Hong Kong anayejifunza kusoma hujifunza kuandika kwa mpangilio ambao mamake hausemi, kisha huusoma kwa matamshi ya Kikantoni. Akitaka kuandika kama anavyosema, kwenye ujumbe wa simu au vibonzo, hutumia herufi ambazo mtu wa Beijing hazifahamu vizuri, kama 冇 ("hakuna") na 佢 ("yeye"). Kwa hiyo dai kwamba maandishi ni ya wote kwa usawa ni kweli nusu tu.

## Ramani

6. Kimandarini kilieneaje hivyo?

Kutoka Harbin kaskazini-mashariki mpaka Kunming kusini-magharibi ni zaidi ya kilomita 3,000 kwa mstari ulionyooka, na miji yote miwili inasema Kimandarini. Hawasemi sawasawa, lakini wakivumiliana wanaelewana.

Sehemu ya jibu ni ardhi. Kaskazini ni uwanda mpana, farasi na majeshi hupita bila kizuizi, na watu wamekuwa wakihamahama kwa vita na njaa. Sehemu nyingine ni makazi mapya. Sichuan ilipoteza watu wengi mno katika vita vya karne ya 17, nasaba ya Ming ilipoanguka na Qing kushika dola. Watawala wapya wakahimiza watu wa Hubei na Hunan wahamie huko, na Kimandarini cha Chengdu na Chongqing cha leo kilikua kutokana na wahamiaji hao. Yunnan na Guizhou zilipokea askari wa Ming na familia zao. Kaskazini-mashariki ilijazwa na watu wa Shandong na Hebei, hasa katika karne ya 19 na ya 20. Ndiyo sababu Harbin, iliyo mbali sana, inasikika karibu na lugha sanifu kuliko miji mingi iliyo jirani na Beijing.

7. Kwa nini kusini-mashariki ni vipande vipande?

Milima. Mkoa wa Fujian, kwenye pwani hiyo, una msemo kwamba nchi yao ni sehemu nane milima, moja maji, moja mashamba. Kila bonde lilikuwa na mto wake unaoshuka baharini peke yake, soko lake, na ndoa za humohumo.

Juu ya hapo, watu wa kaskazini hawakuja kusini mara moja. Walikuja kwa mawimbi: baada ya Luoyang kutekwa mwaka 311, baada ya uasi wa An Lushan ulioanza mwaka 755, na baada ya Kaifeng kuanguka mwaka 1127, makao ya nasaba ya Song yalipohamia Hangzhou. Kila wimbi lilileta Kichina cha zama zake, likakuta wenyeji na Wachina wa mawimbi ya awali, likachanganyika. Kusini-mashariki ni kumbukumbu ya safari hizo. Maneno na sauti zilizokwisha kusahaulika kaskazini bado ziko hai midomoni mwa wavuvi wa kusini.

8. Kiwu kinasemwa wapi?

Shanghai, Zhejiang karibu yote, na kusini mwa Jiangsu, pamoja na Suzhou ambayo usemi wake husifiwa kwa ulaini. Wasemaji ni zaidi ya milioni 70. Kiwu kimehifadhi sauti nzito za *b*, *d* na *g* mwanzoni mwa silabi, ambazo Kimandarini kilizipoteza.

Kusini kabisa mwa eneo hili kuna Wenzhou. Vitabuni ni Kiwu. Mtu wa Shanghai akikisikia hukana kwamba ni ndugu yake. Watu wa Wenzhou ni wafanyabiashara wa kusafiri mbali, na lugha yao leo unaisikia Prato, Italia, kwenye viwanda vya nguo.

9. Na Kikantoni?

Guangdong ya kati na magharibi, mashariki ya Guangxi, Hong Kong na Macau. Jina linatokana na Canton, jina la zamani ambalo wageni waliliita jiji la Guangzhou. Hong Kong karibu watu 9 kati ya 10 hukitumia kama lugha ya kila siku.

Kikantoni kimepata hadhi ambayo hakuna lahaja nyingine ya kusini imeipata: redio, bunge, mahakama, sinema na muziki wa Hong Kong vyote vimekitumia. Ndani yake nacho kina matawi. Taishan, mwendo mfupi tu kutoka Guangzhou, ina usemi wake ambao mtu wa Guangzhou hupata shida kuufuata. Ajabu ni kwamba kwa miongo mingi usemi huo wa kijijini ndio Wamarekani walioujua kama Kichina, kwa kuwa wengi wa wahamiaji waliokwenda California katika karne ya 19 walitoka Taishan na wilaya jirani zake.

10. Nimesikia Kimin ndicho kigumu kuliko vyote. Kweli?

"Kigumu" sijui, lakini ndicho kilichogawanyika kuliko vyote, na ndicho kilichojitenga mapema na ukoo. Makundi mengine mengi hueleweka kama watoto wa Kichina cha zama za kati, wakati wa nasaba za Sui na Tang (karne ya 6 hadi ya 10). Kimin kina tabaka la zamani zaidi ya hapo.

Panda treni ya mwendo kasi kutoka Fuzhou kwenda Xiamen. Safari ni kama saa moja. Unapoondoka wazee wanasema Kimin cha mashariki. Katikati, Putian, wanasema usemi wao wenyewe ambao pande zote mbili haziuelewi. Ukifika Quanzhou na Xiamen ni Kimin cha kusini, ambacho huko nje kinaitwa Hokkien. Treni moja, lugha tatu, na matangazo ndani ya behewa ni ya Putonghua.

Kimin cha kusini ndicho kilichosafiri. Kilivuka bahari kwenda Taiwan, ambako ni lugha ya nyumbani ya mamilioni. Kilishuka pwani mpaka Chaozhou na Shantou, mashariki mwa Guangdong, kikawa Kiteochew. Kikafika rasi ya Leizhou na kisiwa cha Hainan. Kikaenda Penang, Medan, Manila na Singapore. Kiteochew nacho kikashika masoko ya Bangkok. Ukiitazama ramani ya Kimin, usitazame mikoa, fuata bahari.

11. Wahaka ni nani, na mbona wako kila mahali?

Jina lao lina maana ya wageni, nalo limewaganda hata wanakoishi kwa karne nyingi. Ni Wachina wa Han waliotoka kaskazini kwa vipindi na kutulia milimani, pale Guangdong, Fujian na Jiangxi zinapokutana. Meizhou huhesabiwa ndio moyo wao, na usemi wa Meixian ndio huchukuliwa kuwa kipimo. Yale majumba makubwa ya udongo ya mviringo ya Yongding, Fujian, ni maarufu kama kazi ya mikono yao.

Walichelewa kufika, wakakuta mabonde mazuri yana wenyewe. Ugomvi wa ardhi na wenyeji wasemaji wa Kikantoni uliwaka ukawa vita kuanzia mwaka 1855 mpaka 1867. Wengi wakaondoka. Ndiyo maana leo unasikia Kihaka Taiwan, Kalimantan, Kolkata, Jamaika na Morisi. Hong Xiuquan, aliyeongoza uasi wa Taiping, alikuwa Mhaka.

12. Kixiang na Kigan?

Kixiang ni cha Hunan, Kigan ni cha Jiangxi. Vyote viwili vimebanwa na Kimandarini kutoka kaskazini na magharibi, na usemi wa mijini, Changsha kwa mfano, umeelekea huko. Mao Zedong alikuwa mtu wa Hunan na lafudhi yake haikumtoka mpaka mwisho. Ukisikiliza sauti yake iliyorekodiwa utaona kwamba kiongozi wa nchi iliyokuwa ikihimiza Putonghua hakuisema vizuri yeye mwenyewe.

## Tofauti zenyewe

13. Toni zinatofautianaje?

Toni ni kupanda na kushuka kwa sauti kunakobadili maana ya neno. Beijing ni 4, ukiacha silabi zisizo na toni. Yinchuan, kaskazini-magharibi, ni 3. Shanghai 5, Xiamen 7. Kikantoni ni 6, ingawa wenyewe wa jadi huhesabu 9 kwa kutenga silabi zinazokatwa kwa *p*, *t* au *k*.

Idadi si kila kitu. Shanghai, silabi ya kwanza ya neno ndiyo huamua neno zima lipande au lishuke. Kwenye Kimin cha kusini, karibu kila silabi hubadili toni yake isipokuwa ya mwisho katika kirai, kwa hiyo mwanafunzi hujifunza kila neno kwa toni mbili. Ukisikia mtu anasema Kikantoni ni kigumu kwa sababu ya toni 6, mpeleke Xiamen.

14. Nipe mfano mmoja unaoonyesha umbali wa sauti.

Chukua maneno matano ambayo kwa Kimandarini yote hutamkwa *shi*, tena kwa toni ileile ya pili: kumi, jiwe, kula (kwa lugha ya vitabuni), -a kweli, na wakati. Guangzhou hayo hayo ni *sap*, *sek*, *sik*, *sat* na *si*. Matano, na hayagongani.

Kichina cha zama za kati kilikuwa na silabi zilizofungwa kwa *p*, *t* na *k*. Kikantoni, Kihaka na Kimin cha kusini vimezishika. Kiwu na Kijin vimebakiza kukaba koo tu. Kimandarini kingi kimeziacha kabisa, na maneno yaliyokuwa mbalimbali yakaangukiana. Ndiyo maana mashairi ya Tang husemwa kwamba yanapata vina vizuri zaidi yakisomwa kwa Kikantoni au Hokkien kuliko kwa lugha ya darasani. Hilo ni kweli mara nyingi, ila lisitumiwe kudai kwamba Kikantoni "ndicho Kichina cha Tang". Kila lahaja imetunza baadhi ya vitu na kupoteza vingine.

15. Tofauti ni za matamshi tu, au hata maneno na sarufi?

Hata maneno na sarufi, tena maneno ya kawaida kabisa ndiyo hutofautiana zaidi. "Yeye" ni *ta* Beijing, *keoi* Guangzhou, *i* Xiamen. "Sijui" ni *wo bu zhidao* kwa Kimandarini, *ngo m zi* kwa Kikantoni, *gua m tsai* kwa Hokkien: hata kikanushi si kimoja.

Mpangilio nao hubadilika. Kwa Kimandarini "natangulia kuondoka" huwekwa "mimi kwanza ondoka". Kwa Kikantoni ni "mimi ondoka kwanza". Jogoo kwa Kimandarini ni "dume-kuku", kwa Kikantoni ni "kuku-dume". Msamiati wa kitaalamu, wa siasa na wa magazeti, hufanana sana kwa kuwa hupitia maandishi (swali la 5).

## Safarini na darasani

16. Nakwenda Guangzhou kuchukua mzigo. Nijifunze Kikantoni?

Hapana, jifunze Putonghua. Kikantoni ni lugha ya mji, ya wazee wanaokunywa chai asubuhi na wenye nyumba. Lakini dukani unakonunua, muuzaji huenda ametoka Hunan, Hubei, Sichuan au Henan, au ni Mteochew, na wote hao huongea nawe na wao kwa wao kwa Putonghua. Shenzhen ndiyo zaidi: jiji lililojengwa na wageni, na Putonghua imetawala. Ukienda Foshan kwa vigae na fenicha utasikia Kikantoni zaidi, ila biashara bado utaifanya kwa Putonghua.

Salamu mbili tatu za Kikantoni hazitakuangusha. Zitakupatia tabasamu, punguzo la bei sina hakika.

17. Mbona nasikia bei tofauti na anayoandika muuzaji?

Hapa ndipo lahaja inapogusa mfuko. Kwenye Putonghua, 4 ni *si* na 10 ni *shi*. Watu wengi wa kusini hawana *sh* nyumbani kwao, kwa hiyo yote mawili huwatoka kama *si*, na kinachobaki kutofautisha ni toni. 14 (*shisi*) na 40 (*sishi*) ukizisikia sokoni kwenye kelele, wewe ambaye toni bado zinakusumbua, ni kubahatisha. Wenyeji wenyewe hukwama, na huonyesha kwa vidole. Mwambie aandike kwenye kikokotoo, na hiyo namba iliyoandikwa ndiyo uiweke kwenye oda.

Kingine: watu wengi wa Hunan, Hubei na Sichuan huchanganya *n* na *l*, na Wahunan hutaniwa kwamba hata jina la mkoa wao hulitamka *Fulan*. Ukitafuta jina la mtaa au kiwanda ulilolisikia kwa mdomo na ramani ikakataa, jaribu kubadilisha *l* na *n* kabla hujamlaumu wakala.

18. Yiwu je?

Yiwu iko Zhejiang, eneo la Kiwu. Usemi wa wenyeji hutausikia ukielekezwa kwako. Wauzaji wakigeukiana ghafla wakaongea kitu ambacho mkalimani wako naye hakipati, hicho ndicho. Wafanyabiashara wa Zhejiang wana desturi ya kujadiliana bei ya chini kabisa mbele ya mteja kwa lugha ya kwao, na hakuna kozi ya miezi sita itakayokusaidia hapo. Keqiao, kwa wanaofuata vitambaa, hali ni hiyohiyo.

19. Vyuo vyetu vinafundisha ipi?

Putonghua, na herufi zilizorahisishwa za China bara. Taasisi ya Confucius ya Chuo Kikuu cha Nairobi, ya kwanza Afrika, ilianza mwaka 2005, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam nacho kina yake. Sijaona sababu ya kulalamika: ndiyo lugha itakayokufikisha mbali. Kasoro ni moja, kwamba kanda za darasani ni za watangazaji wa Beijing, na mhitimu akitua Changsha hudhani amedanganywa. Anza mapema kusikiliza lafudhi za mikoani.

20. Je, Wachina walioko Afrika wanasema lahaja zipi?

Waliokuja miaka ya karibuni kwa ujenzi na biashara hutoka mikoa mingi, na Putonghua ndiyo huwaunganisha. Jamii za zamani ni habari nyingine. Morisi wengi ni Wahaka wa upande wa Meixian. Madagaska walitoka sana Shunde, Guangdong, kwa hiyo ni Kikantoni. Afrika Kusini jamii ya zamani ina Wakantoni na Wahaka.

## Siasa za lugha

21. Lahaja zinakufa?

Nyingi zinapungua, baadhi haraka. Katiba ya mwaka 1982 inaitaka dola ieneze Putonghua, na sheria iliyoanza kutumika mwaka 2001 iliiweka kuwa lugha ya shule, ofisi na utangazaji. Wizara ya Elimu ilitangaza kwamba mwaka 2020 asilimia 80.72 ya wananchi waliweza kuisema. Ni mafanikio makubwa, na kwa mtoto wa kijijini anayetafuta kazi mjini ni tiketi.

Gharama yake inaonekana Shanghai, ambako bibi humsemesha mjukuu Kishanghai na mjukuu hujibu kwa Putonghua. Mwaka 2010 pendekezo la kuongeza Putonghua kwenye televisheni ya Guangzhou liliwatoa watu barabarani kutetea Kikantoni. Tangu mwaka 2015 serikali yenyewe ina mradi wa kurekodi lahaja nchi nzima. Kurekodi ni jambo jema, lakini lugha haiponi kwa kuwekwa kwenye kumbukumbu za kompyuta. Inapona mtoto akiitumia kuomba chakula.

Singapore ilifanya vivyo hivyo mapema zaidi. Kampeni ya kusema Kimandarini ilianza mwaka 1979, na kizazi kimoja baadaye vijana wengi hawawezi kuzungumza na bibi zao kwa Hokkien. Taiwan imegeuka: baada ya miongo ya kuwaadhibu watoto waliosema lugha ya nyumbani shuleni, sasa Kitaiwani (yaani Kimin cha kusini cha huko) na Kihaka vina vituo vya televisheni na nafasi katika sheria.

## Visa vya pembeni

22. Kijin ni Kimandarini au si Kimandarini?

Kiko Shanxi na sehemu za Mongolia ya Ndani, Shaanxi, Hebei na Henan. Kimezungukwa na Kimandarini, na wengi hukiona ni Kimandarini cha milimani. Wanaokitenga hutegemea zaidi kigezo kimoja: kimehifadhi silabi zinazokatwa kooni (swali la 14). Wanaopinga husema kigezo kimoja hakitoshi, mbona Kimandarini cha Nanjing nacho kinazo na hakuna anayekitoa? Naona wapinzani wana hoja, ila ramani nyingi za leo zinakitenga, kwa hiyo usishangae kuona mstari hapo.

23. Ramani inaonyesha doa la Kimandarini katikati ya Fujian. Ni kosa la uchapaji?

Si kosa. Mji wa Nanping umezungukwa na Kimin, lakini ndani wenyeji husema Kimandarini, urithi wa askari wa zama za Ming waliowekwa hapo. Ganzhou, kusini mwa Jiangxi, vilevile ni kisiwa cha Kimandarini ndani ya eneo la Kihaka. Kinyume chake ni Luodai, karibu na Chengdu: mji wa Wahaka katikati ya Sichuan, waliofika na wahamiaji waliotajwa katika swali la 6.

Mipaka kwenye ramani za lahaja ichukuliwe kwa tahadhari. Kijiji kimoja kinaweza kuwa na lugha mbili, moja ya mtoni na nyingine ya mlimani, na rangi moja ya mchoraji huzifunika zote.

24. Kuna zisizoingia kundi lolote?

Zipo. Usemi wa Danzhou, kisiwani Hainan, na ule wa Waxiang, magharibi mwa Hunan, umewashinda wataalamu kuupanga. Kaskazini mwa Guangdong kuna semi za vijijini zinazotajwa tu kama "tuhua", usemi wa wenyeji, kwa kukosa pa kuziweka.

25. Je, kuna Kichina kinachoandikwa bila herufi za Kichina?

Kipo, tena cha Waislamu. Wahui wa kaskazini-magharibi (si wasemaji wa Kihui cha swali la 2) waliandika Kimandarini chao kwa herufi za Kiarabu, kama mababu zetu wa pwani walivyoandika tenzi, na maandishi hayo huitwa *xiao'erjing*. Baada ya uasi wao dhidi ya Qing kushindwa, baadhi walivuka milima ya Tianshan mwishoni mwa mwaka 1877 na mwanzoni mwa 1878, wakaingia himaya ya Urusi. Vizazi vyao, Wadungani, wako Kirgizia na Kazakhstan, zaidi ya laki moja.

Lugha yao ni Kimandarini cha Gansu na Shaanxi kilichomeza maneno ya Kiarabu, Kiajemi na Kirusi. Chini ya Wasovieti kiliandikwa kwa Kiarabu, kikahamia Kilatini, na tangu mwaka 1953 kinaandikwa kwa herufi za Kirusi, bila kuonyesha toni. Wamechapisha magazeti na mashairi kwa namna hiyo, na wasomaji wao wanaelewa. Kwa hiyo unapoambiwa Kichina hakiwezekani kuandikwa kwa alfabeti kwa sababu maneno yatagongana, mtaje Mdungani.